Gombrich, Wollheim au Goodman: ukitazama picha, umfuate nani?

Chukua hadibodi ya mraba, futi mbili kwa mbili hivi, iliyopakwa rangi ya mafuta. Usuli ni samawati inayofifia kuelekea chini. Mbele yake amesimama paka mkubwa mwenye madoa, mkia kaupindia juu ya mgongo, macho yote mawili yanakutazama ingawa mwili umekaa ubavu. Mtu akikuuliza unaona nini, utajibu bila kufikiri: chui. Lakini ukutani hapana chui. Pana ubao na rangi iliyokauka. Sasa huyo chui umemwona wapi?

Swali linaonekana la kitoto mpaka ujaribu kulijibu. Katika karne ya 20 wataalamu watatu walilijibu kwa njia tatu zisizopatana: Ernst Gombrich, Richard Wollheim na Nelson Goodman. Wanafunzi wa sanaa na wa falsafa hukutana nao kwa mpigo kwenye orodha ya vitabu vya kusoma, na wengi hutoka hapo na sentensi moja ya kujazia karatasi ya mtihani: picha ni ishara inayofanana na kitu tunachokiona ndani yake. Sentensi hiyo imebeba nadharia tatu zinazogombana. Kila mmoja wa hao watatu angekata maneno mawili kati yake kwa kalamu nyekundu.

Nawaweka hapa bega kwa bega kwa ajili ya mtu anayetaka kuchagua: mwalimu wa sanaa, mwongoza wageni kwenye makumbusho, mwandishi wa gazeti, mchoraji, au mnunuzi asiyetaka kudanganyika. Ukichagua nadharia, unachagua pia mahali jicho lako litakapotua kwanza.

Gombrich: kila picha imezaliwa na picha

Gombrich alizaliwa Vienna mwaka 1909, akahamia Uingereza mwaka 1936, na kuanzia 1959 hadi 1976 aliongoza Taasisi ya Warburg jijini London. Kitabu chake kinachohusika hapa, Art and Illusion, kilitoka mwaka 1960, kutokana na mihadhara aliyoitoa Washington mwaka 1956. Alikuwa mwanahistoria wa sanaa kuliko mwanafalsafa, na ndiyo maana kumsoma ni raha: kila hoja imekuja na picha yake.

Swali lililomsumbua ni kwa nini sanaa ina historia. Kama kuchora ni kunakili kilicho mbele ya macho, na macho ya binadamu ni yale yale tangu enzi za Mafarao, kwa nini Mmisri, Mchina na Mholanzi hawakuchora ng'ombe kwa namna moja? Jibu lake ni kwamba hakuna anayeanza na jicho tupu. Mchoraji huanza na kiolezo alichorithi kwa waliomtangulia, akakitia mkono, akakilinganisha na kitu, akakisahihisha. Kutengeneza kwanza, kulinganisha baadaye.

Mfano wake maarufu ni kifaru wa Dürer. Mwaka 1515 kifaru aliyetoka India alishushwa Lisbon. Albrecht Dürer, aliyekuwa mbali huko Ujerumani, hakumwona hata siku moja. Alipata maelezo na mchoro wa haraka uliofanywa na mwingine. Akatoa chapa ya mbao yenye mnyama aliyevaa ngozi kama deraya, vipande vimeungwa kwa misumari, na juu ya shingo akamwongezea kipembe ambacho kifaru hana. Picha hiyo ikatawala vitabu vya wanyama vya Ulaya kwa zaidi ya miaka 200. Mwaka 1790 msafiri James Bruce akachapisha mchoro wa kifaru wa Afrika, akijisifu kwamba amemchora mnyama hai na kwamba Dürer alikosea. Utazame mchoro wa Bruce: kifaru wake wa Afrika ana mikunjo ya deraya ambayo kifaru wa Afrika hana. Dürer alikuwa bado ameushika mkono wake.

Mfano mwingine haumo kwa Gombrich, ila unamfaa sana. Mwaka 1414 twiga aliyepelekwa kama zawadi kutoka Bengal alifika China, na mwaka uliofuata Malindi ikapeleka wake. Wachina hawakuwa na twiga, lakini walikuwa na qilin, mnyama wa hadithi anayejitokeza mfalme mwema anapotawala. Basi twiga akapokewa kama qilin, akatungiwa sifa, akachorwa. Kwenye mchoro huo shingo ni ya twiga kweli, ila madoa yamepangwa kama wavu uliofumwa kwa uangalifu. Mchoraji alimwona mnyama mwenyewe kwa macho yake, na bado aliingia kazini na kiolezo mkononi.

Hapo ndipo penye nguvu ya Gombrich, na kwa mtu anayeshughulika na sanaa ya Tanzania nguvu hiyo ni kubwa. Edward Saidi Tingatinga, aliyezaliwa mwaka 1932 upande wa Tunduru, alianza kuchora Dar es Salaam mnamo 1968 kwa rangi za dukani juu ya hadibodi, na mwaka 1972 akafa kwa risasi ya polisi. Ni miaka michache tu. Lakini vijana waliojifunza kwake walikuwa tayari na kiolezo: mnyama mmoja katikati, usuli wa rangi moja au mbili, madoa, mkia uliopinda. Simba na viboko wengi wanaouzwa leo ni watoto na wajukuu wa kiolezo hicho. Mtu anayelalamika kwamba "hawa wote wanachora kitu kimoja" angemkuta Gombrich akitabasamu: onyesha mtindo wowote duniani usiokuwa hivyo. Jambo la kutafuta ni nani amesahihisha nini.

Sasa udhaifu. Gombrich aliamini kwamba kuona picha ni kuingia ndani ya kiinimacho, na mtazamaji ndiye anayekikamilisha kwa kujaza yaliyoachwa. Alitumia ule mchoro wa bata-sungura uliozuka kwenye magazeti ya vichekesho ya Ujerumani mwaka 1892: unaona bata, au unaona sungura, na unaweza kurukia huku na kule upendavyo, ila huwezi kuwaona wote wawili kwa wakati mmoja. Akasema rangi na kitu viko hivyo hivyo. Akamleta shahidi, mwanahistoria wa sanaa Kenneth Clark, aliyesimama mbele ya picha kubwa ya mchoraji wa Hispania, Velázquez, akirudi nyuma na kusogea mbele ili akamate ile nukta ambapo mabaka ya rangi yanageuka kuwa watu. Hakuikamata. Akisogea aliona rangi, akirudi aliona watu.

Ushahidi mzuri kuusikia. Wollheim aliukataa.

Wollheim: rangi na chui kwa pamoja

Richard Wollheim alizaliwa London mwaka 1923, akapigana Vita vya Pili vya Dunia, kisha akafundisha falsafa University College London kwa miaka mingi. Jibu lake kwa Gombrich ni fupi, na kwa maoni yangu ndilo pigo safi kuliko yote katika mjadala huu mzima. Bata na sungura ni kweli hawaonekani pamoja. Lakini bata na mistari ya wino iliyomchora? Hiyo unaiona pamoja kila wakati. Hujawahi kumwona bata yule ukasahau kwamba ni wino kwenye karatasi. Gombrich alichukua mgongano kati ya vitu viwili vinavyoonekana ndani ya picha, akaufanya mgongano kati ya picha na ngozi yake.

Kwa Wollheim, kutazama picha ni tajriba moja yenye pande mbili. Upande mmoja unaufahamu uso wa ubao: ung'avu, unene, mkwaruzo wa brashi. Upande wa pili unamwona chui ndani yake. Hazipokezani zamu. Uwezo huo, anasema, umetangulia sanaa yenyewe: mtu hutazama ukuta wenye madoa ya unyevu akaona vita na milima, na Leonardo aliwashauri wachoraji wafanye hivyo hivyo kunoa ubunifu. Mchoraji anachukua uwezo huo uliokuwepo na kuupa kazi.

Ukitaka kuupima mwenyewe, sogelea ile hadibodi. Madoa ya rangi ya mafuta hayakai bapa. Kila doa lilidondoshwa kwa ncha ya brashi iliyolowa, na lilipokauka likabaki na mgongo mdogo unaoshika mwanga wa dirisha. Ukisogeza kichwa, vinundu hivyo vinawaka kimoja baada ya kingine kwenye mbavu za mnyama. Wakati vinawaka unajua ni rangi, na wakati huo huo ni manyoya ya mnyama, na raha yote imo katika kwamba ni vyote viwili. Nadharia inayokulazimisha uache kimoja ili upate kingine imepoteza kitu ambacho mteja yeyote wa kawaida anakiona.

Kuna tofauti moja kati ya picha na doa la unyevu ukutani. Doa halina jibu sahihi: wewe unaona ngamia, mimi naona mlima, hakuna aliyekosea. Picha ina jibu sahihi, na Wollheim anasema jibu hilo linatokana na nia ya mchoraji, pale nia hiyo ilipofanikiwa kuingia kwenye rangi.

Hapa yule chui wetu anakuwa kesi ya kweli. Mtu anayewajua wanyama atakwambia kwamba duma ana madoa yaliyojaa, ya mviringo, na mistari miwili myeusi inayoshuka kutoka machoni hadi mdomoni. Chui ana madoa yenye uwazi katikati, yaliyopangika kama maua. Mnyama wa kwenye ubao wetu ana madoa yaliyojaa, hana mistari ya machozi, na kifua chake ni kipana. Ni nani? Kwa kufanana tu, kesi haiishi: madoa yanavuta kwa duma, kifua na uso vinavuta kwa chui. Gombrich atauliza kiolezo kimetoka wapi, na hilo litasaidia, kwa kuwa doa lililojaa ni alama ya mtindo kabla halijawa alama ya mnyama. Wollheim atasema: kama mchoraji alikusudia chui, na mtazamaji mwenye ujuzi wa kutosha anaweza kumwona chui ndani ya ubao, basi ni chui. Anayemwona duma anaona kitu ambacho rangi inakiruhusu, ila hajaiona picha sawasawa.

Nia nayo ina matatizo yake. Ubao mmoja unaweza kupita mikono mitatu, mmoja akapaka usuli, mwingine akachora umbo, wa tatu akadondosha madoa, na wote wanafuata oda ya mtu aliyeonyesha picha kwenye simu. Nia ya nani? Wollheim anajitetea kwamba nia anayoizungumzia ni chochote kilicho katika mawazo, imani na hisia za mchoraji kinachoongoza mkono, si lazima awe ameitamka. Utetezi huo unamwokoa nusu. Kwenye karakana ambako mkono umeongozwa na mazoea ya wengi, Gombrich anaeleza vizuri zaidi.

Tatizo la pili ni picha zinazodanganya kweli. Plinio, mwandishi wa Roma ya kale, anasimulia kwamba mchoraji Mgiriki Zeuxis alichora zabibu ndege wakaja kuzidonoa, ndipo mshindani wake Parrhasius akachora pazia, na Zeuxis akaomba pazia lifunuliwe. Kwa Wollheim, kwa kuwa mtu aliyedanganyika hana habari na uso wa ubao, picha ya namna hiyo haiwi uwakilishi hata kidogo. Kanisa la Sant'Ignazio huko Roma lina dari ambayo Andrea Pozzo aliichora mwishoni mwa karne ya 17, nguzo na matao yanapaa juu hadi mbinguni, na sakafuni pamewekwa alama ya mahali pa kusimama ili kiinimacho kikamilike. Kuifukuza kazi kama hiyo nje ya nyumba ya picha ni gharama kubwa. Ukisogea hatua chache kutoka kwenye ile alama, nguzo zinaanza kuanguka, na papo hapo unarudi kwa Wollheim. Lakini ukiwa umesimama juu yake, Gombrich ndiye mwenye nyumba.

Kitu kimoja cha kuiga kwa Wollheim hata kama nadharia yake hukuikubali ni subira. Katika Painting as an Art, kitabu chake cha mwaka 1987, anaeleza kwamba saa ya kwanza mbele ya picha huishia katika kuacha mawazo ya kupotea yatulie, na ni baada ya hapo tu, kwa muda kama huo tena au zaidi, picha huanza kujifunua. Anaongeza kwamba wapita njia walianza kumshuku, yeye na picha yenyewe. Jaribu kusimama saa mbili mbele ya ubao mmoja kwenye duka la vinyago uone muuzaji atakavyoanza kushusha bei.

Goodman: kufanana si hoja

Nelson Goodman alikuwa Mmarekani wa mantiki, na kabla ya umaarufu wake wa chuoni alikuwa na nyumba ya kuuza sanaa huko Boston, kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1920 hadi mwaka 1941. Kwa hiyo mtu asiseme hakujua picha. Kitabu chake, Languages of Art cha mwaka 1968, kinaanza kwa kubomoa kile ambacho kila mtu anakiamini.

Picha ya mtu, unasema, inamwakilisha kwa sababu inafanana naye. Goodman anakujibu: pacha anafanana na pacha mwenzake kuliko picha yoyote, na hakuna anayesema pacha mmoja ni picha ya mwingine. Tena kufanana huenda pande zote mbili, mimi nikifanana na wewe nawe umefanana na mimi. Picha inamwakilisha mfalme, lakini mfalme haiwakilishi picha. Kwa hiyo kufanana hakutoshi, na wala hakuhitajiki. Picha inasimama badala ya kitu kama jina linavyosimama, ndani ya mfumo wa alama tuliouzoea. Tukiona picha "inafanana", ni kwa sababu tumeuzoea mfumo. Inasimuliwa kwamba watu walipolalamika kuwa picha aliyomchora mwandishi Gertrude Stein haifanani naye, Picasso aliwajibu kwamba itafanana.

Sasa ikiwa picha ni alama kama maneno, tofauti yake na maandishi ni ipi? Hapa Goodman ana mfano ambao sijaona wa kuushinda. Weka karatasi mbili mezani: moja ni mstari wa mapigo ya moyo uliotoka kwenye mashine ya hospitali, nyingine ni mchoro wa Mlima Fuji wa Hokusai, mchoraji wa Kijapani. Mistari inaweza kuwa ile ile kabisa. Kwa daktari, kinachohesabika ni kupanda na kushuka kwa mstari tu; ukiwa mnene au mwembamba, mweusi au wa buluu, mgonjwa ni yule yule. Kwa Hokusai kila kitu kinahesabika: unene, wepesi wa wino, rangi ya karatasi, hata ukubwa. Picha ni alama ambayo huwezi kutupa chochote chake.

Goodman pia ndiye pekee kati ya watatu anayewatosha mashetani. Mchonga vinyago wa Kimakonde anapotoa shetani kwenye gogo la mpingo, jicho moja tumboni, mdomo umeungana na goti, anafanana na nani? Gombrich anakwama kidogo, hakuna wa kumlinganisha naye. Wollheim anaweza kumwona shetani ndani ya mti, sawa, ila nadharia yake imeshonewa picha bapa kuliko kinyago unachokizunguka. Goodman anasema kwa urahisi: kuna picha za kitu, na kuna aina za picha. Kinyago hicho hakiwakilishi kiumbe chochote kilichopo, lakini ni cha aina ya shetani, na aina hiyo tunaitambua kama tunavyotambua aina za meza. Wale mashetani wa msanii wa Tanzania George Lilanga, wenye masikio makubwa na vidole vinene, wa mti na wa rangi, ni aina iliyojijenga hadi mtu aliyeona watatu anamtambua wa nne.

Kisha kuna nakshi. Mlango wa Lamu au wa Unguja haukuchorwa kitu, ni mirija ya maua na mafundo yasiyo na mwisho. Kwa Wollheim hapo pana machache ya kusema. Goodman ana kile kipande cha kitambaa ambacho fundi cherehani hukuonyesha kama sampuli: kipande kinaonyesha rangi na mfumo wa nyuzi, ila hakionyeshi ukubwa wala ukingo uliokatwa kwa mkasi. Kinasimamia baadhi ya sifa zake chenyewe. Mlango nao hausimulii kitu, unaonyesha subira, utajiri, na mpangilio, kwa kuwa navyo. Ila niseme kwa haki kwamba Gombrich aliandika kitabu kizima juu ya mapambo mwaka 1979, kwa hiyo mwenye kushughulika na kanga, mikeka na milango anaweza kuwa na wazee wawili wa kuwauliza.

Udhaifu wa Goodman uko kwenye neno mazoea. Kama kila picha ni mfumo wa kujifunza kama lugha, basi mtoto ambaye hajafundishwa asingeitambua. Mwaka 1962 wanasaikolojia Julian Hochberg na Virginia Brooks walichapisha habari za mtoto aliyelelewa hadi miezi 19 bila kufundishwa kamwe kuunganisha picha na jina la kitu. Alipoonyeshwa michoro ya mistari mitupu ya vitu alivyovijua, alivitaja. Hakuna mtoto anayeamka siku moja akajua Kichina kwa njia hiyo.

Upande mwingine wa mzani kuna kisa kinachowahusu Waafrika moja kwa moja. Mwaka 1960 mtafiti wa Afrika Kusini, William Hudson, alichapisha matokeo ya majaribio ya picha: mwindaji ameinua mkuki, mbele yake swala, na kati yao, mbali juu ya kilima, tembo aliyechorwa mdogo. Mtu aliulizwa nani yuko karibu zaidi na mwindaji. Aliyejibu "tembo" alihesabiwa kuwa haoni kina cha picha. Kwa miaka mingi matokeo hayo yalitumiwa kana kwamba yanasema jambo kuhusu macho au akili za Waafrika. Lakini kwenye karatasi tembo kweli yuko karibu zaidi na mwindaji, ukipima kwa rula. Jaribio lilipima nani amezoea kanuni ya Ulaya kwamba kidogo maana yake mbali, na kama amelielewa swali. Goodman angesema hivyo hivyo: mtazamo wa kina ni mfumo mmoja kati ya mifumo. Gombrich alimpinga hapo, akishikilia kwamba kanuni za mtazamo wa kina zinafuata jiometria ya mwanga wenyewe, kwa jicho moja lililotulia mahali pamoja. Goodman akamjibu kwamba hakuna anayetazama picha kwa jicho moja kupitia tundu. Nadhani Gombrich ana haki kuhusu mwanga na Goodman ana haki kuhusu watu. Hadibodi yetu haina kivuli wala mstari wa upeo, na sijasikia mteja aliyeuliza chui kasimama wapi.

Na picha za kamera?

Hapa naona wote watatu wanalegea. Picha ya bibi iliyotundikwa sebuleni, aliyepigwa studio akiwa amesimama wima mbele ya pazia, haituvuti kwa kiolezo wala kwa mfumo wa alama. Mwanafalsafa Kendall Walton alitoa mwaka 1984 hoja kwamba picha ya kamera ni kama kioo cha darubini: kupitia kwayo tunamwona mtu mwenyewe, kwa kuwa mwanga uliotoka mwilini mwake ndio ulioiandika, mpiga picha apende asipende. Wengi wamempinga, na picha zinazotengenezwa leo na kompyuta bila mtu yeyote kusimama popote zimeutia mjadala huo moto mpya. Kama kazi yako ni picha za habari au kumbukumbu za familia, anza na Walton, hawa wengine wasubiri.

Uchague yupi

Kama unafundisha historia ya sanaa, au unaongoza wageni na unahitaji kueleza kwa nini mitindo hutofautiana na kurithiana, chukua Gombrich. Atakupa hadithi, na wageni hukumbuka hadithi. Jihadhari tu usiwafanye waamini kwamba sanaa yote ilikuwa inakimbilia kufanana na picha ya kamera. Kitabu chake kina harufu ya safari hiyo, na michoro mingi mizuri haikuwa safarini.

Kama unaandika juu ya alama, nembo, ramani, nakshi, vinyago, au unapambana na mtu anayesema sanaa isiyofanana na kitu ni sanaa duni, Goodman ni wakili mzuri. Usimpeleke kwa watoto wa sekondari. Sura zake za katikati zimejaa mantiki kavu, na mtu anaweza kuzisoma zote bila kukumbuka hata rangi moja.

Kama wewe ni mchoraji, mhakiki au mnunuzi, yaani mtu ambaye kazi yake ni kuitazama hii picha moja hapa mbele yake, sisiti: Wollheim. Ni yeye peke yake anayekukataza kupita haraka kutoka kwenye rangi kwenda kwenye chui. Mnunuzi aliyemwelewa atainamisha ubao kwenye mwanga kabla ya kuuliza bei, aone kama madoa yana mgongo au yamechapwa kwa mashine. Mchoraji aliyemwelewa ataacha kuona haya kwamba brashi yake inaonekana. Na mhakiki atalazimika kuandika kuhusu uso wa picha, jambo ambalo magazeti yetu hulikwepa. Tunasoma kila siku kwamba msanii "anazungumzia umaskini" bila kuambiwa rangi ilikuwa nzito au nyepesi.

Mwanafunzi wa falsafa hana bahati ya kuchagua, asome wote. Mpangilio ninaoupendekeza si wa miaka ya kuchapishwa. Anza na sura za Gombrich za kiolezo na kusahihisha, utakazozisoma kama riwaya. Ruka uende kwenye insha fupi ya Wollheim iliyoongezwa kwenye toleo la pili la Art and its Objects, la mwaka 1980, ambako hoja ya pande mbili imewekwa wazi kuliko popote. Kisha fungua Languages of Art, usome sura ya kwanza tu, ile ya mapacha na mfalme, uiweke chini kwa wiki moja ukiwa unatazama picha halisi, ndipo uamue kama unazitaka zilizobaki.